Kuomba Ukuta

4 Februari

Mjomba wangu mpendwa,

Shikamoo. Naanza kwa kukuomba radhi kwa ukimya huu mrefu. Barua yako ya mwisho ilinifikia wakati wa mvua za mwaka jana, nikaiweka rafuni ili niijibu kesho yake. Kila nikiiona naona haya, na haya ikizidi mtu hashiki kalamu tena. Najua utasema kwamba mkono unaoshika brashi kutwa nzima hauwezi kushindwa na kalamu. Ni kweli. Nisamehe.

Mimi sijambo. Nimehama; sasa naishi juu ya duka la mkaa, na nguo zangu nyeupe nimezigawa kwa wenye bahati zao. Je, mama hajambo? Magoti yake yanamruhusu kutembea? Mwambie sweta limefika na linanikaa vizuri, ila mkono mmoja ni mrefu kuliko mwenzake, na sitaki aufumue, naukunja tu. Mwambie pia kwamba kiwandani mambo ni mazuri. Nakuomba radhi kwa kukubebesha neno hilo tena. Ni wewe peke yako ujuaye kwamba sijawahi kufanya kazi katika kiwanda chochote cha uchapaji, na kwamba riziki yangu inatoka kwenye kuta za watu.

Sasa jambo lenyewe. Mjomba, nimepewa ukuta. Si ukuta wa kinyozi wala wa duka la dawa. Ni ubavu mzima wa jengo la zamani linalotazamana na stendi ya mabasi, orofa tano bila dirisha hata moja.

Ukuta huo una mchoro tayari. Ni kitambaa cha kijani. Kinaanzia karibu na paa, kinashuka kama kitambaa kinavyoshuka muuzaji anapokifungua mbele ya mteja, kinajikunja, kinajikunjua, mpaka kinajikusanya chini kando ya njia ya waenda kwa miguu. Wanasema lilikuwa tangazo la duka la vitambaa. Duka lilikufa, jina lake likafutwa na jua, kitambaa kikabaki. Siku hizi watu hupeana miadi hapo: "Tukutane kwenye kitambaa." Na kila apitaye hunyoosha mkono akakigusa. Wengi wao hawajui hata kwamba wanakigusa. Karani anayekimbilia basi hukigusa. Mchukuzi ambaye mikono yake imejaa mizigo hukigusa kwa kiwiko. Pale panapofikiwa na watu, saruji imekuwa laini kama jiwe la kunolea visu. Nilimwona mama mmoja akiubana mkunjo kwa vidole viwili, kama mteja anayepima uzito wa kitambaa kabla ya kutaja bei. Akashtuka, akacheka peke yake, akaenda zake. Nami, ambaye rangi ndiyo kazi yangu, nilibaki nimesimama kama niliyepigwa na bumbuazi.

Ajabu nyingine ni kwamba kitambaa hicho hakishikwi na mtu. Juu kabisa, mahali ambapo pangekuwa na mkono, pako peupe. Wauza magazeti wana hakika kwamba kinashuka kutoka mbinguni.

Mwenye jengo anataka ukuta mpya. Amesema nichore nitakacho, alimradi cha zamani kiondoke. Nisipoanza kabla ya mwezi wa saba, ataufunika kwa bango la plastiki la kupigiliwa misumari. Lakini sisi mafundi wa kuta tuna desturi. Kabla ya kupaka rangi juu ya kazi ya mwenzako, unamwendea na kumwomba ukuta. Akikupa, unapaka. Akikunyima, unaondoka bila kununa. Asiyeomba hapati mtu wa kumshikia kamba akining'inia ukutani, na asiyeshikiwa kamba hana kazi.

Kwa hiyo namtafuta aliyekichora. Mzee mmoja wa kazi hii, tunamwita Tapentaini, kila nikimwuliza hunijibu, "Nitakumbuka, nitakumbuka," kisha huagiza chai kwa jina langu. Wewe ulifundisha katika jiji hili kabla sijazaliwa. Je, unamfahamu fundi huyo?

Ni mimi,
mpwa wako.


27 Februari

Mpwa wangu,

Marahaba. Msamaha umeupata, lakini usiuzoee.

Hapa nyumbani hatujambo. Paa limezibwa, linavuja sasa mahali pengine. Kuku mweusi ametaga chini ya kitanda changu na anajiona mwenye chumba. Mama yako anatembea hadi kisimani na kurudi, na jioni hugombana na watangazaji wa redio, ambao kwa bahati yao hawamsikii. Nilimfikishia salamu zako. Kuhusu mkono wa sweta alisema wewe ndiwe mwenye mikono isiyolingana. Aliposikia kwamba kiwandani mambo ni mazuri alisema, "Angalau anafanya kazi akiwa amekaa kitini." Umri wangu si umri wa kubeba uongo wa watu wengine, na huu wako ni mzito.

Wajua msimamo wangu kuhusu picha za ukutani. Nilipokuwa mwalimu mkuu, mtoto aliyechora ukutani aliufuta ukuta mzima, si picha yake tu. Ukuta ni wa kuzuia upepo na wezi. Hata hivyo sitaficha jambo moja. Bucha letu lina ng'ombe aliyechorwa mlangoni, yule anayetabasamu. Nimepita mbele yake tangu ndevu zangu zikiwa nyeusi, na ningeapa kwamba anatazama barabarani. Juzi, kwa sababu ya barua yako, nilisimama. Anamtazama mwenye bucha. Nikaenda kununua dagaa.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikisimama kila mahali. Kiatu cha fundi viatu kimechorwa pamoja na vumbi lake. Kinyozi amechora vichwa sita ukutani, na cha sita kina huzuni ambayo hakuna mtu aliyemwagiza aichore. Nani amfundishe mtu kuchora huzuni kwenye kibanda cha kinyozi?

Kuhusu aliyechora kitambaa chako, sina la kukuandikia. Nakushauri uuache ukuta huo. Kuta ni nyingi.

Jitunze kifua, moshi wa mkaa si mzaha.

Mjomba wako.


22 Machi

Mjomba,

Shikamoo. Nimefurahi kusikia habari za ng'ombe, na nimemhurumia. Hapa jirani yangu, mwenye duka la mkaa, amejifungua pacha, na sasa jengo zima linalea.

Barua yako niliisoma mara mbili. Umesema huna la kuniandikia. Hukusema kwamba hujui. Nililelewa nyumbani kwako, Mjomba. Naujua mlango wako unapofungwa polepole ili usisikike.

Wiki iliyopita nilipima ukuta. Nilishuka kutoka paani kwa ubao wa kamba, wenzangu wakinishikilia juu. Ukiwa karibu hivyo, hakuna kitambaa. Kuna mistari, kuna madoa, kuna kijani cha kila namna, na ndani ya kivuli, amini usiamini, kuna nyekundu. Nyekundu! Fundi huyo alijuaje, pua yake ikikaribia kugusa saruji, kwamba nyekundu ile ikitazamwa kutoka stendi itakuwa giza la mkunjo? Mimi hushuka kila mara, nikavuka barabara, nikatazama, nikapanda tena. Tapentaini anasema fundi huyo alipanda asubuhi na kushuka jioni. Picha yote ilikuwa kichwani mwake, naye alikuwa akiiteremsha tu. Nilining'inia pale nikasahau kupima. Wenzangu walidhani nimezimia.

Kisha wakanivuta hadi pale peupe. Ukingo wa paa umepakinga na mvua, na mistari ya makaa bado ipo. Ni mkono, Mjomba. Kuna kiganja na vidole vitatu. Cha nne kimeanzwa kikaachwa.

Nilikwenda moja kwa moja kwa Tapentaini. Chai niliagiza mwenyewe kabla hajafungua mdomo.

"We binti," akasema, "siku zote hizi unamtafuta mwanamume. Yule alikuwa mwanamke."

"Mwanamke gani?"

"Mwanamke wa brashi ya mkono wa kushoto. Mkali kama pilipili! Ukimsifu, anakuuliza umeona kosa gani. Mumewe ndiye aliyekuwa akimshikia kamba. Basi siku moja mume akaanguka kutoka paani, kazi haijaisha. Mwanamke akashushwa, akaosha brashi zake zote, akatugawia, akaondoka na mtoto mgongoni. Moja ninayo hadi leo. Usiniombe, sikupi."

Nilitoka nikasahau kumlipia chai.

Mama hufuma kwa mkono wa kushoto. Nimeambiwa maisha yangu yote kwamba alikuwa akifanya kazi ya duka la vitambaa, na kwamba baba alikufa kazini kabla sijaanza kutambaa. Nilipokuwa mdogo nilikatazwa kusimama hata juu ya kiti. Siku alipokuta nimechora kuku mlangoni kwako kwa makaa, hakunipiga. Alikaa chini akautazama mchoro huo, kisha akaleta maji, akaufuta.

Kwa hiyo sikuulizi tena ni nani aliyeuchora ukuta. Nakuuliza, baba yangu alifia wapi?

Mpwa wako.


14 Aprili

Mpwa wangu,

Nakuandikia kutoka stendi ya mabasi ya jijini kwako, nikiwa nimekaa kwenye benchi la fundi viatu. Nilifika bila kukuarifu, nikastahili kukukosa. Jirani yako wa mkaa aliniambia umekwenda kuchora ukuta wa shule mikoani na utarudi mwisho wa mwezi. Alinikabidhi pacha mmoja nimshike wakati akimpimia mteja. Nimemrudisha akiwa mzima.

Jibu la swali lako ni ndiyo. Baba yako alifia hapa.

Shemeji yangu alikuwa mtu wa mzaha, mrefu, asiyejua kunyamaza. Yeye na mama yako walifanya kazi kama mikono miwili ya mtu mmoja. Siku hiyo alianguka kutoka ukingoni mwa paa. Mama yako alibaki akining'inia kwenye ubao mpaka watu wakapanda kumshusha. Alikuja kwangu na wewe mgongoni, akaniomba jambo moja: usijue kamwe kwamba aliwahi kushika brashi, ili usije ukapenda kupanda. Nikakubali. Miaka ilipita, ukaja wewe ukaniomba asijue kwamba unapanda. Nikakubali tena. Mtu aliyefundisha ukweli ubaoni maisha yake yote amekaa kati ya wanawake wawili kama pazia. Hata safari hii nilimwambia nakwenda kutazamwa macho.

Mpaka leo nilikuwa sijauona ukuta huu. Nilihamishwa kutoka jijini kabla haujaanzwa, na baada ya msiba sikutaka kuuona.

Niliposhuka kwenye basi sikuuliza mtu. Niliinua kichwa. Mpwa wangu, upepo ulikuwa ukivuma. Nilishika kofia yangu, nikangoja kitambaa kipeperuke. Nilingoja kwa dhati, kama mtu anayengoja zamu yake. Hakikupeperuka, na mshangao wangu ulikuwa huo, kwamba hakikupeperuka. Watu walinipita kulia na kushoto. Nilitafuta kosa, kwa kuwa ndiyo tabia yangu, nikaanza juu, nikashuka mkunjo kwa mkunjo kama ninayesahihisha insha. Nilifika chini sijaona kosa. Dada yangu mdogo, niliyemfundisha kufunga kamba za viatu, alikuwa na jambo hili ndani yake, nami nimekaa naye meza moja tangu wakati ule nikimwuliza kama chumvi imekolea.

Kisha nikavuka barabara nikakigusa. Fundi viatu akapiga kelele kutoka ng'ambo, "Hata wewe, mzee! Kata mita mbili, nitakushonea!" Watu wakacheka. Nami nilicheka.

Nasafiri na basi la mchana. Sijui la kumwambia mama yako kuhusu macho.

Mjomba wako.


5 Mei

Mjomba,

Shikamoo. Nilirudi nikakuta barua yako chini ya mlango. Pacha wote wawili hawajambo, na mama yao anasema u mshikaji mzuri ila unamwimbia mtoto kama unayemwita kwenye gwaride.

Nilikuwa na hasira. Nilikasirika siku kadhaa, kisha nikakumbuka kiwanda changu cha uchapaji, nikakosa mahali pa kuiweka hasira hiyo. Mama alinificha brashi, nami nikamficha brashi. Wangapi duniani wamewahi kufichana kitu kilekile?

Kila asubuhi kabla ya kazi napita kwenye kitambaa. Zamani niliona rangi tu. Sasa naona mkono ukisogea, naona mahali alipopumzika, mahali alipoharakisha kwa sababu jua lilikuwa likizama au kwa sababu mimi nilikuwa nikilia mahali fulani nikimngoja.

Lakini waliokuja kupima bango wameshapima. Niliwaona na utepe wao. Mwenye jengo anasema, "Binti, wewe unachora au unaomboleza? Mwezi wa saba ni mwezi wa saba." Siwezi kupaka bila kuomba, na desturi yetu haisemi "isipokuwa fundi akiwa mama yako". Nikimwomba, atajua ninapanda. Nisipomwomba, misumari itapita ndani ya kitambaa chake.

Nimeamua kuomba. Nimeandika karatasi ndogo, nimeiweka ndani ya bahasha hii. Msomee, tafadhali, kama ilivyo:

"Kwa Fundi wa kitambaa cha kijani. Mimi ni fundi mwenzako. Nafanya kazi ya juu, kwa ubao wa kamba, huu ni mwaka wa sita. Sijaanguka. Naomba ukuta wako. Ukininyima nitaondoka, wala sitauliza sababu. Ni mimi, mwanao."

Mpwa wako.


24 Mei

Mpwa wangu,

Marahaba. Hatujambo, wala usiishie hapo, soma hadi mwisho.

Mama yako alikuwa barazani akichambua maharage. Nilisimama mbele yake, nikasoma kwa sauti, bila kuongeza wala kupunguza. Aliendelea kuchambua. Nilipofika kwenye "Sijaanguka", mikono yake ilisimama. Nilimaliza nikakunja karatasi. Kuku walipita kati yetu.

"Jengo la mbele," akasema, "limeongezwa orofa?"

"Sijui."

"Jua la asubuhi linaufikia ukuta wote au nusu?"

"Sikutazama jua."

"Sasa ulikwenda kutazama nini? Kumbe ndiyo macho yale uliyokwenda kutibiwa!"

Nilivua kofia.

"Kijani kimepauka?"

"Kidogo, upande wa juu."

"Nilijua. Mwenye duka alituletea rangi nyepesi kama maji ya mchele, nikamwambia." Kisha akaniuliza, bila kunitazama, "Anavaa mkanda?"

"Mkanda gani?"

"Mwalimu mzima hujui mkanda! Mkanda wa kujifunga kwenye kamba. Anavaa au havai?"

"Sijui, dada yangu."

"Na kiwanda cha uchapaji?"

"Hakijawahi kuwapo."

"Nawe ulikuwa unajua."

"Nilikuwa najua."

"Na yeye alipokuuliza habari zangu?"

"Sikumwambia."

Aliweka ungo chini. "Basi hongera. Umetudanganya sote bila upendeleo." Akacheka, mpwa wangu, akacheka mpaka akajifuta machoni kwa upande wa kanga, akanirushia maharage usoni, kiganja kizima. Sikukaa kuchunguza kama kilichofuata kilikuwa bado kicheko. Niliingia ndani, nikamwacha.

Asubuhi nilimkuta amesimama mbele ya mlango wa jiko, ule uliowahi kuuchorea kuku. Alikuwa akipitisha kidole palepale, kama anayefuata mstari. Aliniambia kwamba kuku yule alikuwa na miguu iliyosimama kweli, yenye uzito, na kwamba mtoto wa umri ule hachori uzito. "Niliogopa," akasema. "Niliona mtoto ni wa kwetu, watu wa brashi."

Nikamwuliza nikuandikie jibu gani. Akasema, "Ukuta hauombwi kwa karatasi, wala hautolewi kwa karatasi. Nitakwenda niuone." Nilitaka kumsindikiza. Akasema nimeshasindikiza vya kutosha. Atapanda basi la Jumatatu. Mpokee stendi, na umnunulie kitu cha moto, maana njiani hali kitu.

Nyumba itakuwa kimya. Nimeanza kwenda mbali zaidi jioni kutazama kuta. Kuna mtu amechora ndoo kwenye duka la ndoo, imejaa maji hadi ukingoni, na kila mtoto akipita huinua mguu ili asiloe. Najikuta nami nikiinua wangu.

Mjomba wako.


16 Juni

Mjomba,

Shikamoo. Mama alifika salama. Anakusalimu na anasema umlishe kuku mweusi kwanza, kwa sababu ni mwoga. Amekwisha kumchukua pacha mmoja kama wake, na jirani hadai arudishiwe.

Nakuandikia kutoka kwenye benchi la fundi viatu. Mama yuko ng'ambo ya barabara, ameegemeza bega kwenye kitambaa, anabishana na muuza njugu. Kila siku tunakuja hapa. Sijui nikueleze vipi siku ya kwanza.

Nilimpokea akiwa ameinamisha kichwa. Alinishika mkono akavuka barabara bila kuinua macho hata mara moja, mpaka ukutani. Hapo alitazama mbele yake tu, pale palipokuwa laini. Akaweka kiganja.

"Nani amepasugua hapa?" akauliza.

"Watu, mama. Wanapita wanagusa."

"Watu gani?"

"Wote."

Hakuamini. Tulisimama kando. Akapita mwanafunzi, akagusa. Akapita polisi, akatazama kulia na kushoto, akagusa. Akapita bibi mmoja na fimbo, akahamishia fimbo mkono mwingine ili apate kugusa. Mama alifunika mdomo. Aliponitazama, uso wake ulikuwa wa mtoto. "Nilishushwa nikaondoka," akasema. "Sikuwahi kuuona kutoka chini, nilikuwa nangoja uishe." Ndipo akarudi nyuma hadi katikati ya barabara, akainua kichwa, na basi likasimama, dereva akipiga honi, utingo akipiga kelele, "Mama, unatafuta kiti au unatafuta kifo?" Nilimvuta pembeni. Hakuwa amesikia chochote. Alikuwa akitazama kazi yake kwa mara ya kwanza, na wote waliokuwa stendi wakaanza kutazama alikotazama, mmoja baada ya mwingine, kana kwamba nao walikuwa hawajawahi kuiona.

Tapentaini alikuja akilia. Alileta brashi. Mama akaipima kwa kidole akamwambia, "Umeitunza vibaya."

Kisha alinieleza, Mjomba, jambo ambalo nadhani hata wewe hulijui. Mkono ule wa makaa ni wa baba. Baba alikuwa paani, ameshika kamba. Mama alitaka kuchora mkono unaoshika kitambaa, akamwomba wa kwake uwe mfano. Baba akaifunga kamba kwenye chuma, akalala ukingoni, akaushusha mkono ili mama auone. Mama akamwambia, "Nyoosha kidogo zaidi." Hilo ndilo lililokuwa neno la mwisho alilomwambia. Mama alining'inia peke yake mpaka walipomfikia, na fundo la baba halikulegea hata kidogo. Aliniambia hayo akiwa ametulia, macho yake ukutani.

Nikamwomba ukuta. Nilimwomba kwa mdomo, nikiwa nimesimama, kama ipasavyo.

Akasema, "Fundi hatoi kazi ambayo haijaisha. Nitamaliza mkono, kisha ukuta ni wako. Ufunike, uuache, ni juu yako na mwenye jengo."

Nikamwambia nitaumaliza mimi, yeye aniongoze kutoka chini. Akacheka. "Utauchoraje? Humjui mwenye mkono." Ni kweli. Picha pekee ya baba niliyo nayo, mikono yake iko nyuma. Sijawahi kuuona mkono wa baba yangu, na mwanamke huyu anao wote kichwani, na kucha zake, na kovu la kisu kwenye kidole gumba. Akiuchora, utakuwa mkubwa kuliko mlango, na jiji zima litauona.

Nikamwambia hawezi kupanda, magoti hayamruhusu. Nilisikia sauti yangu ikisema, "Hata kwenye kiti sikuruhusu." Akanijibu kwamba kwenye ubao mtu hukaa, hasimami, na magoti hayana kazi. Nikamwambia wenzangu watamshikia kamba, ni watu wa kuaminika. Akasema hapana. Anataka nimshikie mimi. Anataka nikae paani, mahali alipokuwa baba, na nisiifunge kamba kwenye chuma hata kwa sekunde moja, maana mwenye kamba mikononi halali ukingoni.

Sijamjibu. Wenye bango hawangoji tena mwezi wa saba, wanakuja Ijumaa hii na misumari yao. Mwenye jengo amesema kama kamba haijaonekana ukutani kufikia hapo, hatangoja tena. Kila saa najiona nimeishika kamba ile, nausikia uzito wake mikononi, na kila nikitaka kusema ndiyo, ulimi unakataa. Mama hanihimizi. Asubuhi hii amenunua makaa, akayachonga moja baada ya moja, akayafunga kwenye leso.

Sasa amegeuka ananitazama kutoka ng'ambo. Kiganja chake kiko ukutani.

Nikishaamua, Mjomba, nitakuandikia.

Mpwa wako.